Bata Mzinga Mwenye Mpira

Kila nikikaa nipumzishe magoti mnakuja kudai hadithi, utadhani mmeniajiri. Haya, kaeni, na wewe futa kamasi kwanza.

Mpira wa mtaani ulikuwa wa Bata Mzinga. Kucheza hajui, lakini mwenye mpira hawekwi nje, mnajua wenyewe. Siku hiyo timu yake ikapata penalti, naye akavimba shingo.

"Napiga mimi!"

"Kaka, zote umepeleka mtaroni," akasema Mbuzi, mfungaji wao. "Leo niachie."

"Basi naondoka na mpira wangu!"

Akaukwapua, huyoo, akaenda zake. Mbuzi akapiga kwato chini kwa hasira. Kakakuona, mwoga ambaye hakuna timu iliyowahi kumchukua, alikuwa akitazama kando; akashtuka, akajikunja duara, akabingirika mpaka golini.

Wote wakapiga kelele: "Gooooli!"

"Tukupige kama mpira?" Mbuzi akamuuliza.

"Pigeni tu," akajibu Kakakuona kutoka humo ndani. "Mimi sijawahi kuitwa uwanjani."

Mchezo ukanoga. Bata Mzinga akachungulia konani, akashindwa kuvumilia, akarudi na mpira wake chini ya bawa.

"Jamani, na mimi niingizeni."

"Nafasi ipo moja," akasema Mbuzi. "Goli tunalofunga lina jiwe upande mmoja tu. Simama upande wa pili, uwe nguzo."

Akasimama. Sasa, Kakakuona ana magamba, na Mbuzi hajui kupiga taratibu. Jua lilipozama, Bata Mzinga alikuwa amelipia nafasi yake kwa manyoya yote ya mkia.