Ubao wa Mlango Wangu

Dhoruba ilikuwa imesukuma bahari hadi mtoni, na maji yalishafika kwenye kizingiti changu pale mjini Dordrecht.

Mtaani kila mtu alikuwa akichomeka ubao wake kwenye miimo ya mlango. Mbao hizo ndizo ukuta wetu. Mlango mmoja ukibaki wazi, maji hupita humo yakawafikia wote wanaoishi bondeni, nyuma yetu.

Bi Neeltje, jirani yangu wa miaka themanini, akaingia akiwa na nyundo.

"Wako uko wapi, mwanangu? Nikushikie upande mmoja."

Kila mwaka alinikumbusha habari ya ubao huo, nami nikimtania, "Bibi, unataka mafuriko yaje upate cha kusimulia!"

Sasa nilitupia jicho ukutani, naye akatazama hukohuko.

Ubao nilikuwa nimeukata vipande viwili, nikatengeneza rafu za vikombe. Namba ya nyumba, ya rangi nyeupe, bado ilisomeka.

"Bibi, mimi..."

"Niletee misumari."

Kisha akaanza kuteremsha vikombe vyangu, kimoja kimoja, taratibu, asije akanivunjia hata kimoja.