Tumbo la Mwanakheri

Siku hizo kila mtoto mchanga alivishwa kifungo kifuani, nacho kilitamka kwa sauti kile mtoto alichotaka kusema. Kifungo cha Mwanakheri, binti wa Saumu mwenye miezi tisa, kilisema jambo moja wiki nzima: "Tumbo linaniuma."

Akilazwa, tumbo. Akibebwa, kimya. Saumu na mumewe Mbaraka walimbeba kwa zamu mpaka migongo ikawauma wao, ndipo wakampeleka kliniki.

Nesi alimbonyezabonyeza tumbo, akacheka. "Mama Mwanakheri, huyu mzima. Amegundua kwamba akitaja tumbo mnambeba." Akaandika kwenye kadi: *Ameanza kudanganya.* "Ni hatua ya ukuaji, kama kuota meno."

"Miezi tisa tu!" Mbaraka alisema kwa fahari. "Wa kaka yangu alianza akiwa na mwaka mzima!"

Njiani Saumu alichoka, akainama amlaze mtoto kwenye kigari. Kifungo kikatamka maneno aliyoyasubiri tangu amzae: "Nakupenda, Mama."

Saumu akaganda, akamtazama mwanawe usoni. Mwanakheri akatabasamu, vijino viwili nje.

"Turudi tukamwulize nesi?" Mbaraka akanong'ona.

"Thubutu!" alisema Saumu, akambeba mtoto hadi nyumbani.