Mlango wa Udongo wa Hondohondo

Hapo mlima ulipokuwa bado umevaa msitu mpaka utosini, Hondohondo alimziba mkewe kwa udongo ndani ya tundu la mti wa juu kabisa, akaacha ufa wa kumlishia. Ndiyo desturi yao. Mama hulalia mayai humo, na manyoya ya mabawa humtoka yote.

Mbega akaja anahema kutoka chini. "Bwana Hondohondo, moto wa mashamba unapanda. Wewe ndiwe mwenye sauti. Tuitie wenzetu tuupige kwa majani mabichi ungali mdogo."

"Huo ni moto wa watu wa chini, shemeji," akajibu Hondohondo, akichagua kuyu zilizoiva. "Kwangu mimi hapiti hata nyoka."

Mbega akabeba wanawe, akahama na wenzake.

Siku ya tatu moto ukafika juu. Hondohondo akaita mpaka sauti ikamkauka, asije mtu. Akaubomoa udongo kwa mdomo. Mkewe akatoka, akakunjua mabawa matupu.

"Baba watoto," akasema, "ruka wewe."

Naye, wajukuu zangu, akaruka.