Shahidi wa Kisaki

Mfungwa alikataa kusema hata neno moja mpaka aamkiwe.

Ahmadi mkalimani alidhani hakusikia vizuri. Yeye mtu mzima, kidevu kimejaa mvi, wajukuu anao kwao Bagamoyo. Na huyu aliyefungwa mnyororo mbele yake, ndevu zenyewe ndiyo kwanza zinachomoza. Ati aamkiwe!

"Bwana Doktari anasubiri," Ahmadi alisema kwa ukali.

"Na asubiri. Wewe kwenu hukufunzwa adabu?"

Basi, ili kazi iende, Ahmadi akameza mate akasema shikamoo.

"Marahaba, mwanangu," kijana akajibu, wala hakutabasamu. Ahmadi akahisi baridi mgongoni, na jua la Morogoro lilikuwa limeshawaka.

Bwana Doktari hakuwa askari. Alikuwa Mdachi wa vitabu, ametoka kwao kuja kuandika historia ya vita vya Maji Maji kabla walioviona hawajaisha. Tuseme kweli, hakuwa na roho mbaya. Ila kila karatasi aliyoandika ilipelekwa kwa mkubwa wa boma, na mkubwa alitaka kujua jambo moja tu: Kibwana wa Kolero alikuwapo Kisaki siku alipouawa efendi, mkuu wa askari, au hakuwapo? Kama alikuwapo, kamba. Kama hakuwapo, arudi kwao milimani akalime.

"Wewe ndiye Kibwana?"

"Ndiye."

"Kisaki ulikuwapo?"

"Nilikuwapo. Mshale uliomwangusha efendi ulikuwa wangu."

Loo! Mtu anajitia kitanzi mwenyewe, tena kwa sauti ya kumwelekeza mgeni njia ya kisimani. Ahmadi akatafsiri, ulimi mzito.

Yakaendelea hivyo siku tatu. Mfungwa alieleza walivyovuka mto Mgeta maji yakiwa kiunoni, nani alitangulia, nani alilia njiani akimtaja mama yake. Doktari aliandika mpaka vidole vikamwuma. Alipouliza habari za nyumbani, mfungwa akasema ana watoto watatu, na wa kwanza ameshaolewa. Ahmadi akamtazama tena yule kijana. Labda hewa ya mlimani haizeeshi watu, alijiambia, na moyo wake haukukubali.

"Risasi ilinipata hapa," mfungwa alisema siku ya pili, akagusa katikati ya kifua.

Kifua kilikuwa wazi. Hakikuwa na kovu wala mkwaruzo.

"Halafu?"

"Halafu wakanibeba mpaka Kolero. Habari yangu ya vita inaishia hapo."

Ahmadi aliona haya kumpelekea msomi mkubwa habari iliyopinda. Akainyoosha. Kwa Kidachi alisema risasi ilipita karibu na kifua, ikamkosa. Doktari akapiga meza kwa furaha: hatimaye amempata shahidi wa macho, mtu aliyeona mwenyewe!

Nje ya lango alikuwapo mama mmoja, jina lake Chausiku. Alikuwa ameteremka milima kwa miguu siku mbili kumletea mfungwa chakula. "Ni kaka yangu," alimwambia askari wa zamu, na askari akamruhusu. Alimmenyea magimbi, akamlisha kwa mkono wake kwa sababu ya ile minyororo, akamfuta mdomo kwa upindo wa kaniki.

Ahmadi akamvuta pembeni. "Mama, mwambie kaka yako abadilishe neno moja tu. Asiseme 'niliona'. Aseme 'nilisikia'. Mengine niachie mimi, nitayapanga."

Chausiku akatikisa kichwa. "Siwezi, baba."

"Unataka afe?"

"Yule ndiye mkubwa wa ukoo wetu. Mimi nitamwamrishaje?" Akageuka upande wa ukuta, akalia kwa kujizuia, kitambaa mdomoni.

Ahmadi akarudi ndani, akamsihi mfungwa mwenyewe. Alimwita ndugu, alimwita mzee, alimwita kila jina alilodhani litamlainisha. "Kana kwamba hukuwapo! Mungu ataelewa."

"Anayeitwa ni Kibwana," mfungwa alisema. "Nisipoitika mimi, aitike nani?"

Hapo sauti yake ikakatika. Kwa mara ya kwanza tangu aletwe alionekana mdogo, mdogo kabisa, na alikuwa akiogopa. Ahmadi akasubiri, akiomba kimoyomoyo. Kijana akajikohoza, akanyoosha mgongo, akataka waendelee kuandika.

Alhamisi asubuhi wakamnyonga. Ahmadi alilazimishwa kusimama karibu, maana hukumu ilitaka kutafsiriwa. Doktari hakuja kutazama. Alikuwa ofisini akifunga karatasi zake kwa uzi, tayari kwa safari ya kwenda kuchapisha kitabu.

Chausiku akaruhusiwa kuuchukua mwili. Ahmadi alikwenda kumsaidia kuufunika, akingoja mayowe. Hayakuja. Mama yule aliketi mchangani, akakipakata kile kichwa, akaanza kusema nacho kwa upole.

"Kaka, wewe tulishakulilia. Mwaka jana tulikuzika Kolero na risasi yako kifuani, tukamaliza matanga, nikakupa mwanangu alibebe jina lako, awe wewe. Leo sogea kidogo, kaka, nimlilie mtoto wangu."