Barua Bila Mhuri

Karani alikuwa amekalia benchi la nje ya ofisi ya meneja tangu ufagio wa asubuhi ulipokuwa bado unampitia miguuni, bahasha ameitia ndani ya shati, kifuani, kama mtu aliyebeba yai.

Ndani ya bahasha mlikuwa na hukumu ya mahakama ya rufaa. Hatia yake imetenguliwa, ilisema, maana hakuna aliyethibitisha kwamba ni yeye aliyeiba mhuri wa ofisi na kuutumia kutolea ghalani malori mawili ya saruji. Mhuri wenyewe, ule wa mti, wa mviringo, wenye pengo ukingoni tangu karani alipouangusha wiki yake ya kwanza kazini, haukukutwa kwake wala kwa mtu mwingine. Basi alipwe mishahara ya miaka yote sita tangu alipofukuzwa. Alipewa siku tisini za kudai. Leo ilikuwa ya themanini na tisa.

Zilizotangulia zilimwishia kwenye benchi hilo hilo. Mara meneja yuko kikaoni, mara faili limepanda juu, mara limeshuka lakini halikusema limeshukia wapi. Mkewe na watoto walikuwa wamejibanza chumba cha uani kwa kaka wa mkewe, na kila asubuhi huyo kaka alimuuliza kwa upole unaokata kuliko wembe, "Vipi shemeji, leo ndiyo leo?"

"Ingia, kijana wangu," meneja aliita. Kijana mwenyewe alikuwa na wajukuu wawili.

Meneja aliisoma hukumu yote, akavua miwani, akaipangusa.

"Nimefurahi kuliko hata wewe. Shida ni moja tu. Mishahara unayodai ni ya wakati wa mhuri wa zamani, na fomu za wakati ule hugongwa mhuri wa wakati ule. Nao, kama ujuavyo, ulipotea."

"Bosi, mahakama imesema sikuuchukua mimi."

"Kwani mimi nimesema umeuchukua? Nimesema umepotea. Siku ukionekana, njoo hata Jumapili, nitakulipa."

Karani hakubisha. Miaka yote aliyokaa masjala hakuwahi kuona mtu akimshinda meneja kwa mdomo.

"Basi nipe jibu hilo kwa maandishi, bosi. Nikirudi mikono mitupu, shemeji atasema sikufika hata getini."

"Hilo tu?" Meneja alivuta karatasi. Alikuwa na mwandiko mzuri na aliupenda. Akaandika, akatia saini yenye mkia mrefu.

Karani akaisoma taratibu, kisha akairudisha kwa mikono miwili.

"Haina mhuri. Si wewe uliyenifundisha, bosi? Barua bila mhuri ni karatasi ya kufungia karanga."

Meneja alicheka, amefurahi kweli. "Kumbe hujasahau." Lakini mhuri mpya, ule wa plastiki wa pembe nne, ulikuwa kwenye droo ya mhazili, na mhazili alikuwa amempeleka mama yake kliniki, ufunguo ameufunga kwenye ncha ya kitambaa chake.

"Nitamngoja," karani alisema, akajiegemeza kitini. "Hata kesho. Mimi na benchi lako tumeshakuwa ndugu."

Meneja alitazama saa. Alikuwa anangojwa kwenye semina ya uadilifu kazini, na mgeni rasmi ni yeye. Akaguna, akaichukua barua, akaingia nayo chumba cha ndani anamotundika koti lake. Mlango wa kabati ulilia. Kisha, du, kishindo kimoja juu ya meza, cha mkono uliozoea.

Akatoka na barua imeshakunjwa, koti begani.

"Haya, kampe shemeji yako. Na umsalimie."

Karani alishukuru, akatoka. Kwenye korido, penye mwanga wa dirisha, akaikunjua. Maneno yalikuwa yale yale: mhuri wa zamani ulipotea na haujulikani ulipo, kwa hiyo madai hayawezi kulipwa. Kando ya saini wino wa zambarau ulikuwa bado mbichi. Akaupuliza polepole, usije ukachafuka: mviringo safi kabisa, wenye pengo ukingoni.