Vaselini ya Kupokelea Wageni

"Mama, jipake mafuta haya mikononi kabla wageni hawajafika," Anselm alisema, akimpa kopo la vaselini alilonunua Tabora mjini.

Wazazi wa mchumba wake walikuwa wameshateremka stesheni ya Usoke. Alihofia wangempa mama yake mkono na kugusa viganja vile vilivyopasukapasuka, nyufa zake nyeusi kwa utomvu wa tumbaku.

Mama alichota kidogo, akajipaka kidole kwa kidole. Mafuta hayakuingia, yaling'aa tu juu ya nyufa.

Anselm aliona aibu, na safari hii haikuwa aibu ya mikono ile.

"Na miguu nayo, baba?" mama akauliza kwa upole. "Au nikae jikoni mpaka waondoke?"

Nje, wageni wakapiga hodi.