Karatasi ya Kola

"Samansi ilipokelewa nyumbani kwako," alisema hakimu. "Mbona hukuja?"

Samansi hiyo ilikuwa mfukoni mwa Zakayo, fundi cherehani wa Kariakoo. Aliiona jana tu, miezi miwili baada ya kumzika mkewe, kati ya karatasi za kukatia nguo. Ilikuwa imekatwa umbo la kola. Mkewe, ambaye ndiye aliyeipokea, hakujua kusoma, na karatasi yoyote ngumu hakuiacha ipotee.

Ndivyo kesi ya kibanda chao cha kushonea ilivyosikilizwa upande mmoja, akashindwa bila kujua. Alipopata habari ya hukumu aliomba itenguliwe, na leo ombi hilo lilikuwa likisikilizwa.

Angeitoa, hakimu angeelewa. Lakini angelazimika kusema mbele ya watu kwamba kosa ni la marehemu.

"Niliipokea, mheshimiwa. Nikapitiwa."

Hakimu alivua miwani.

"Hukumu naitengua, kesi itaanza upya. Ila kwa uzembe wako utamlipa mdai wako gharama zake, shilingi laki mbili, kabla ya Ijumaa. Usipolipa, kibanda umekikosa."

Nje, Zakayo aliipima karatasi kwenye kola ya shati alilovaa, shati la mwisho alilomshonea mkewe. Ilienea sawasawa.

Akafunga kifungo cha juu, akaenda Mchikichini, kwenye mitumba, kutafuta mtu wa kununua cherehani yake.